Mnyama yuko kwako, waokoaji wako mbali: mzungumze nini hadi wafike?

Tuchukue mfano. Boti imefika mwalo wa Katonga alfajiri. Vijana wanashusha magunia na madumu ya mawese yaliyotoka ng'ambo, upande wa Kongo. Katikati ya mizigo kuna boksi lenye matundu, na ndani yake yumo mtoto wa sokwe mtu, kamba kiunoni. Mwenye boksi ameona watu wanajaa, ameondoka kimya kimya. Mama mmoja anayeanika dagaa anamtoa yule mtoto, anamfunga kwa khanga na kwenda naye nyumbani, maana hakuna mwingine aliyejitolea kumchukua.

Mfano huu tumeutunga, lakini hakuna kipande chake kisichowezekana katika mwambao wetu. Badala ya sokwe anaweza kuwa mtoto wa tumbili aliyeachwa shambani, bundi aliyepigwa manati na watoto, au kakakuona aliyekutwa akivuka njia usiku. Kwa vyovyote, kuanzia saa hiyo yule mama ni mlezi wa muda. Kituo kinachoweza kumpokea mnyama huyo kiko mbali, pengine nchi nyingine kabisa. Kati ya mlezi na kituo kuna simu tu. Makala haya yanahusu simu hiyo: nani apigiwe, aambiwe nini, na mazungumzo yaendelee vipi mpaka mnyama achukuliwe.

Nani aambiwe kwanza

Watu wengi huanza kwa kutafuta shirika. Sisi tunashauri waanze na Serikali, kwa sababu moja: wanyamapori wa Tanzania ni mali ya umma, na Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori Na. 5 ya mwaka 2009 hairuhusu mtu kukaa na mnyamapori bila kibali. Huruma si kibali. Hata shirika lenye nia njema haliwezi kuja kumbeba mnyama kwako na kuondoka naye bila mamlaka husika kujua.

Kwa hiyo yule mama aende kwa mwenyekiti wa mtaa au mtendaji, na asiende peke yake. Achukue jirani mmoja awe shahidi. Kutoka hapo taarifa iende kwa afisa wanyamapori wa halmashauri, au kwa Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori, TAWA, au polisi ikiwa ofisi nyingine zimefungwa. Walio karibu na Gombe wanaweza kuwafikia askari wa hifadhi. Baada ya hapo ndipo mashirika yanaingia, na mkoa wetu una bahati kwamba Taasisi ya Jane Goodall ina watu wake Kigoma tangu zamani. Mradi wao wa TACARE wa kufanya kazi na vijiji ulianza huku mwaka 1994. Kule Kitwe, karibu na mji, taasisi hiyo iliwahi kutunza sokwe yatima wachache.

Ikiwa mnyama ni mbwa, paka au punda, njia ni nyingine: anza na afisa mifugo wa kata.

Tunajua kwa nini wengi hawapigi simu. Wanaogopa kwamba aliyetoa taarifa ndiye atakayelala ndani. Hatuwezi kumwahidi mtu namna ofisi fulani itakavyompokea. Lakini kuna tofauti kubwa kati ya mtu aliyekwenda mwenyewe kwa mtendaji asubuhi ile ile, akiwa na shahidi, na mtu aliyekutwa na mnyama uvunguni baada ya wiki tatu. Kila siku inayopita bila taarifa, huruma yake inazidi kufanana na umiliki. Basi andika: saa ngapi ulitoa taarifa, kwa nani, na alikujibu nini. Karatasi hiyo ihifadhi.

Ujumbe wa kwanza

Kubipu hakusaidii. Afisa aliye barabarani akiona namba ngeni imebipu mara tatu hajui kama ni mnyama, ni deni au ni mtu amekosea. Tuma ujumbe mfupi unaojitosheleza, kisha piga. Ujumbe wenyewe unaweza kuwa hivi:

"Niko Katonga, karibu na mwalo. Leo saa 12 asubuhi nimempata mtoto wa sokwe, ametolewa kwenye boti. Ana jeraha la kamba kiunoni. Amekunywa maji tu. Watu watatu wamemshika. Mtendaji ameshajua. Naomba maelekezo."

Hakuna salamu ndefu, wala kuomba radhi kwa kusumbua. Kila sentensi hapo inamsaidia anayepokea kuamua jambo. Mahali panamwambia atumie gari au boti. Saa inamwonyesha mnyama ameishi muda gani bila mama. Jeraha linamwambia kama daktari wa wanyama lazima awepo. Idadi ya waliomshika inahusu magonjwa, tutafika huko.

Sehemu ambayo watu huiruka ni mnyama alikotoka. Wanasema "nimemwokota" na kuishia hapo, kwa kuogopa kumtaja mwenye boti. Lakini mtoto wa sokwe haokotwi kama embe. Sokwe jike hamwachi mwanawe; mpaka mtoto afike kwenye boksi, kwa kawaida mama yake ameuawa, na mara nyingi na wengine waliojaribu kumtetea. Waokoaji wakijua boti imetoka Kalemie, Baraka au Uvira, wanajua msitu upi wa kuulizia, na mamlaka za nchi mbili zina pa kuanzia. Ikiwa unaogopa kusema mbele za watu, mwambie afisa kwamba kuna habari utamweleza faragha. Usimtungie hadithi. Hadithi ya kutunga itamfanya aamue vibaya, kisha hata la kweli utakalosema kesho hataliamini.

Mwenye simu janja apige picha tatu: mwili mzima, jeraha kwa karibu, na moja yenye kitu kinachojulikana ukubwa wake, kama kiberiti, kando ya mnyama. Mwenye kitochi aeleze kwa kulinganisha: "mkubwa kama paka aliyekomaa, meno ya mbele yameota." Picha hizo ni za afisa na waokoaji tu. Tunasisitiza hili kwa sababu tunajua mkono unavyowasha kuweka kwenye status. Picha ya mtoto wa sokwe ikiingia kwenye makundi ya WhatsApp, jioni ua limejaa watoto wa mtaa mzima, na usiku anaweza kubisha hodi mtu anayeuliza bei.

Uliza kabla ya kulisha

Mnyama mchanga akilia, mkono wa kwanza unakwenda kwenye maziwa ya ng'ombe au uji. Hapa simu ina kazi kubwa kuliko mahali pengine popote.

Nchini Kenya, familia ya Sheldrick ilihangaika kwa miaka mingi na ndama wa tembo walioachwa yatima. Walipopewa maziwa ya ng'ombe waliharisha na kufa, kwa sababu mafuta yaliyomo hayawakubali. Daphne Sheldrick alijaribu mchanganyiko huu na ule kwa zaidi ya miaka 20 hadi akagundua kwamba mafuta ya nazi ndiyo yaliyofaa. Shirika linalobeba jina la familia hiyo, lililoanzishwa mwaka 1977, limelea mamia ya tembo kutokana na ujuzi huo. Tunaikumbusha habari hii kwa sababu moja: mtu aliyeishi na wanyama maisha yake yote alihitaji miaka zaidi ya 20 kupata jibu la mnyama wa aina moja. Sisi wenye bakuli la uji jikoni tupige simu kwanza.

Kakakuona ni mfano mwingine. Chakula chake ni siafu, sisimizi na mchwa. Ukimwekea ugali na dagaa atakaa navyo usiku kucha bila kugusa, na kila siku anayokaa kwako anazidi kudhoofika. Kwa mnyama huyu ujumbe wako useme wazi kwamba ni kakakuona, ili anayepokea aelewe kwamba hapa hakuna kungoja Jumatatu.

Wakati unangoja jibu, kuna machache ambayo hayana ubaya kwa wanyama karibu wote: boksi au tenga lenye kitambaa, mahali penye kivuli na utulivu, mbali na mbwa, mbali na moshi wa jikoni, na maji karibu. Mtoto asiye na manyoya ya kutosha anahitaji joto kabla hajahitaji chakula. Ukimlisha aliyepoa mwili unaweza kumuua.

Mafua ya nyumbani kwako

Swali la waokoaji linaloudhi watu ni hili: "Nani anaumwa hapo nyumbani?" Wengine huona wanadharauliwa, kama vile nyumba yao ni chafu. Sivyo. Sokwe anafanana nasi mno kwa mwili, kiasi kwamba magonjwa yetu humpata kirahisi. Mwaka 1966 ugonjwa wa kupooza, polio, uliwakumba sokwe wa Gombe. Baadhi walikufa, wengine walibaki na mikono au miguu iliyolemaa. Mafua ambayo mtoto wako anaamka nayo asubuhi na kwenda nayo shule yanaweza kumwua sokwe mchanga.

Njia hiyo ina pande mbili. Mnyama naye huleta ugonjwa. Kwa hiyo mlezi awe mtu mmoja, mzima wa afya, anayenawa kwa sabuni kabla na baada ya kumshika. Mtu akiumwa na meno au kukwaruzwa, jeraha lioshwe kwa maji yanayotiririka na sabuni kwa dakika 15, kisha aende kituo cha afya siku hiyo hiyo na kuwaeleza ni mnyama gani, maana kichaa cha mbwa hakiko kwa mbwa peke yao. Na waokoaji waambiwe. Kuna walezi wanaoficha kwamba mnyama ameuma kwa kuogopa atauawa, lakini kuficha huko kunamweka mtoto aliyeumwa hatarini, na kunamweka hatarini pia askari atakayekuja kumbeba mnyama bila kujua.

Daftari la dagaa linatosha

Walezi wa tembo kule Nairobi huandika kila siku: nani amekunywa maziwa yote, nani amebakiza, nani amelala vibaya. Hakuna ufundi mkubwa katika kazi hiyo. Wauza dagaa wa Katonga wanaandika wateja wa mkopo kwa makini kuliko hivyo.

Daftari la mnyama ni lile lile, ila safu zimebadilika: saa, amekula nini na kiasi gani (kwa kijiko au kikombe, si "kidogo"), choo kimekuwaje, amelala saa ngapi, kuna kipya gani. Choo hasa. Watu wanaona haya kukitaja kwenye simu, na ndicho daktari anachouliza kwanza. Kuharisha tangu jana usiku ni habari kubwa kuliko kwamba mnyama "amechangamka".

Kisha mkubaliane saa ya kuwasiliana kila siku, tuseme saa 2 usiku. Mlezi atume mistari mitatu hata kama hakuna jipya. Mtu aliye Dar es Salaam au Nairobi akikosa ujumbe hawezi kujua kama mambo ni shwari au bando limekwisha. Kama mtandao unasumbua kwenu, sema mapema: "Huku mawasiliano hupatikana kilimani tu, nitapanda jioni." Toa na namba ya jirani.

Habari mbaya itangulie. Tumezoea kuanza na "hatujambo" hata nyumba ikiwaka, na adabu hiyo ni nzuri kwa wageni, lakini kwa mnyama mgonjwa inapoteza saa. "Amekataa chakula mara mbili" iwe sentensi ya kwanza. Na ukishindwa, sema umeshindwa. Mlezi aliyechoka, mwenye watoto wake na biashara yake, akisema "mimi siwezi tena baada ya Ijumaa" amewapa watu muda wa kutafuta pengine. Akinyamaza hadi Ijumaa usiku hakuna tena wa kumpigia.

Hapa tuna neno pia kwa upande wa pili, kwa mashirika na ofisi. Mlezi akileta habari mbaya akafokewa, jirani yake aliyekuwa anasikiliza amejifunza kunyamaza. Anayesema "tunakuja kesho" ilhali gari limeharibika na anajua, amemdanganya mtu anayeamka usiku kumnywesha mnyama wa umma bila mshahara. Afadhali kusema "hatuji kabla ya Jumatano, na huyu hapa daktari wa kukuongoza kwa simu." Mlezi anayo haki ya kujua jina la anayeongea naye, cheo chake na siku anayotarajiwa kufika.

Pesa

Lizungumzwe siku ya kwanza, kabla halijawa kinyongo. Maziwa, usafiri, vocha: nani analipa, na risiti zikae wapi? Kuuliza gharama hizi ni halali kabisa. Lakini swali la "mtanipa shilingi ngapi nikimtoa?" linageuza kila kitu. Vituo vya kulea yatima havinunui wanyama, na si kwa ubahili. Siku ambayo mtoto mmoja wa sokwe atalipiwa, msituni kutakuwa na bunduki inayomtafuta wa pili, pamoja na mama yake. Na yule anayetaja bei ameshaacha kuwa mlezi. Mbele ya sheria anafanana na muuzaji.

Upande mwingine, mtu akikupigia akisema anatoka shirika la kuokoa wanyama, na kwamba utume kwanza pesa ya kibali au mafuta ya gari kwa simu, kata. Mpigie afisa uliyeanza naye.

Siku ya kumtoa

Mtoto wa sokwe akimzoea mtu hushika nguo yake kwa mikono yote miwili na halegezi. Si ukaidi. Kule Gombe, mwaka 1972, sokwe jike aliyeitwa Flo alikufa, na mwanawe Flint, aliyekuwa na umri wa miaka minane hivi, alidhoofika kwa huzuni na kufa wiki chache baadaye. Mwaka 1987 hali ilikuwa nyingine: ugonjwa wa mapafu ulimwacha yatima mtoto wa miaka mitatu aliyeitwa Mel. Dume kijana wa miaka 12, Spindle, ambaye hakuwa ndugu yake, alianza kumbeba, kumgawia chakula na kulala naye kwenye kitanda kimoja cha matawi. Mel alipona. Kilichomwokoa ni mmoja wa kudumu wa kushikamana naye.

Hivyo waambie waokoaji mapema nani ndani ya nyumba amekuwa Spindle. Uliza kama mtu huyo anaweza kukaa nao saa chache siku ya kukabidhi, na kama inafaa mnyama aende na ile khanga aliyoizoea. Eleza anavyopenda kubebwa na sauti inayomtuliza. Mambo haya hayamo kwenye fomu, na wewe peke yako ndiye unayeyajua.

Kumng'ang'ania hakufai. Sokwe anaweza kuishi miaka 50, na akikomaa ana nguvu zinazomshinda mwanaume mzima. Wengi waliolelewa majumbani huishia kwenye mnyororo. Wanahitaji sokwe wenzao. Mwaka 1993 kituo cha Sweetwaters kilifunguliwa Laikipia, Kenya, na wa kwanza kupelekwa huko walikuwa yatima waliotoka Bujumbura, kaskazini ya ziwa letu hili hili, wakati Burundi ikiingia vitani. Kingine kiko Lwiro, karibu na Bukavu, na kingine kisiwani Ngamba, Uganda, tangu mwaka 1998. Katika kukabidhi, dai hati yenye tarehe, saini na muhuri, kisha uliza swali ambalo walezi wengi wanaona haya kuuliza: nani atanipa habari zake? Omba ujumbe mmoja baada ya mwezi. Shirika linalojali watu wake litautuma.

Wenye kasuku

Bila shaka wapo wanaosoma haya huku kasuku wa kijivu kutoka Kongo akiwaita majina barazani. Nao wanahusika. Mwaka 2016 nchi zilizokutana Johannesburg chini ya mkataba wa CITES ziliamua kumweka ndege huyu, pamoja na kakakuona, katika orodha ya ulinzi wa juu kabisa, na biashara ya kimataifa ya wale wa porini ikafungwa. Ukimfungulia mlango aende zake humwokoi: kasuku aliyelelewa ndani hajui kutafuta chakula wala kumkwepa mwewe. Mwache alipo, umlishe kama kawaida, na mazungumzo yaanze kwa afisa wanyamapori kama yalivyoanza ya sokwe, ukisema umekaa naye tangu lini na ulimpata wapi.

Namba ya afisa wanyamapori wa halmashauri hupatikana kwa mtendaji. Ichukue wiki hii, uiandike ukutani au nyuma ya jalada la daftari la dagaa, kwa sababu boti za alfajiri huingia kabla ofisi hazijafunguliwa.